Kichaka cha mama: tufyeke tupande ufuta, au tuache?

"Mimi ni mkulima wa korosho hapa Tandahimba, mkoani Mtwara. Tuna ekari sita za mikorosho alizotuachia marehemu baba, na kando yake kuna kichaka cha ekari mbili hivi ambacho hakijalimwa tangu nipate akili. Mama anachimba ming'oko, vile viazi vya porini, humo na hataki kiguswe. Anasema kikifyekwa mvua itakimbia. Kaka zangu wanataka tukifyeke kabla ya mvua zijazo tupande ufuta, kwa sababu jirani alifungua pori lake na ekari ya kwanza imempa kilo 280. Wanasema pia kichaka kinatuletea ugonjwa wa ubwiriunga na nyoka, na kwamba ndiko wanakotoka wale majimoto, sisimizi wa mitini, wanaotung'ata tukipogolea. Redioni nasikia bioanuwai, yaani wingi wa mimea na viumbe wa aina mbalimbali, ina faida, lakini hiyo faida mimi sijaiona mfukoni. Je, kichaka hiki kinatufanyia kazi gani? Na majimoto tuwachome au tuwaache?"

Ndugu yangu, swali lako nimelisoma zaidi ya mara moja, kwa sababu naona ndani yake kuna mambo mawili. Kuna hesabu ya fedha, na kuna nyumba inayovutana: mama upande mmoja, kaka zako upande mwingine, wewe katikati na kalamu mkononi. Niseme mapema kwamba hakuna mjinga hapo kwenu. Kaka zako wana hoja za kweli, na mama ana hoja za kweli. Kila upande pia una jambo moja ambalo si sahihi, na nitayataja yote mawili.

Neno bioanuwai tuliweke kando kidogo. Twende shambani, chini ya mkorosho mmoja wa baba yako, mwezi wa Julai maua yakiwa yametoka.

Chukua shada moja la maua ulitazame kwa karibu. Mengi katika hayo ni ya kiume tupu, hayatazaa kamwe. Machache tu ndiyo yenye sehemu ya kiume na ya kike pamoja, na ni hayo yanayoweza kuwa korosho. Chavua ya mkorosho inanata. Haipeperuki na upepo kama ya mahindi, inahitaji kubebwa mwilini na mdudu kutoka ua hadi ua: nyuki wakubwa, nyuki wadogo wasiouma, nzi wa aina aina, nyigu, hata sisimizi. Maua ya kiume huanza kufunguka alfajiri, na yale yanayozaa hufunguka zaidi kuelekea saa nne na kuendelea hadi mchana. Saa hizo chache mdudu asipopita, ua hilo limekwenda na maji.

Sasa jiulize wadudu hao wanalala wapi. Mkorosho unatoa maua miezi michache tu. Miezi mingine yote nyuki anahitaji maua mengine, na anahitaji nyumba. Nyuki wakubwa na wadogo hukaa kwenye matundu ya miti mizee. Wako nyuki wapweke, wasioishi kwenye mzinga, ambao huchimba vishimo kwenye udongo usiolimwa au hutoboa miti mikavu. Katika ekari sita za mikorosho iliyopaliliwa na kufagiliwa vizuri, vitu hivyo ni haba. Katika ekari mbili za kichaka cha mama vimejaa tele, na kipo hatua chache tu kutoka kwenye mikorosho. Hiyo ni kazi ya kwanza.

Usiniamini kwa maneno. Kabla maua hayajafunguka, chagua mashada kumi kwenye miti mitano. Matano yafunike kwa vifuko vya chandarua kikuukuu, ufunge kwa kamba chini ili mdudu asiingie. Matano mengine, kwenye miti hiyohiyo, yafunge uzi mwekundu tu uyaache wazi. Korosho changa zikishaanza kuonekana, hesabu kila upande. Sitakuahidi sifuri ndani ya vifuko, kwa sababu ua linaweza kujichavusha kidogo likitikiswa. Lakini tofauti utaiona kwa macho yako, na hiyo tofauti ndiyo faida ya redioni ikiwa imeshuka kwenye tawi lako.

Majimoto sasa. Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu nawaonea uchungu hawa wadudu. Nimeona watu wanawachoma moto halafu mwezi unaofuata wananunua dawa ya kufanya kazi ileile waliyokuwa wakiifanya bure.

Umewahi kuwatazama wakijenga? Wanajipanga mstari kwenye ukingo wa jani, wanauma jani la pili, wanavuta kwa pamoja mpaka kingo zigusane. Kisha wengine wanaleta watoto wao, wale wadogo weupe, wanawashika mdomoni na kuwapitisha huku na huku kama mshona nguo anavyopitisha sindano, na mtoto anatoa uzi wa hariri unaoshona majani. Kundi moja lenye malkia mmoja linaweza kuwa na viota vingi kwenye miti kadhaa, na kutwa linazunguka matawini kutafuta nyama. Nyama hiyo ni wadudu, na miongoni mwao ni wale wanaokutia hasara.

Bila shaka unamfahamu mbu wa mikorosho, yule mwembamba mwenye miguu mirefu anayefyonza machipukizi mpaka yanatoa madoa meusi na kukauka. Kuna na mwenzake, yule mdudu mkubwa zaidi wa kahawia, anayeshambulia minazi na pia kufyonza korosho changa. Korosho inatoka na mabaka au inadondoka kabla ya wakati. Watu wengi wakiona korosho changa chini wanasema ni ubwiriunga. Iokote uitazame. Ikiwa na alama nyeusi zilizobonyea, umefyonzewa.

Habari ya majimoto kuwazuia wadudu hawa si ngano. Zanzibar, katikati ya karne iliyopita, wataalamu wa minazi waliona kwamba minazi yenye majimoto haipukutishi nazi changa kama minazi isiyo nao, wakafuatilia mpaka wakajua sababu. Baadaye utafiti katika mikorosho ya mkoa wa Pwani ukaonyesha vivyo hivyo: miti yenye viota vingi huharibiwa kidogo na mbu kuliko miti isiyo na viota. Mti wenye kiota kimoja kilichonyauka haulindwi. Ulinzi unatokana na wingi wao na doria yao.

Wana ubaya wao, siwezi kuuficha. Wanang'ata, hilo unalijua kuliko mimi. Wanafuga wadudu wadogo wanaofyonza utomvu, kwa sababu wanapenda ule utamu unaotoka kwao. Na wakati mwingine wanamfukuza hata nyuki aliyekuja kwenye ua. Nikipima kwa mizani, kwa mkulima anayesumbuliwa na mbu, faida inazidi. Tena mkorosho si mwembe: korosho hatupandi mtini kuzichuma, tunaziokota zikishadondoka, kwa hiyo wakati wa mavuno hamgombani sana. Ugomvi ni wakati wa kupogolea. Pogoleeni mapema asubuhi kukiwa na baridi, wanapokuwa wazito, na matawi yenye viota hai myaache mpaka mwisho. Tawi lenye kiota likilazimika kukatwa, liegemezeni kwenye mti wa jirani wahamie wenyewe. Ila mhakikishe mti huo wa jirani ni wa kundi lilelile, kwa sababu makundi tofauti huuana.

Adui yao mkubwa si wewe. Ni sisimizi wadogo wa kahawia wanaoishi ardhini, ambao baadhi yao wana vichwa vikubwa kupita kiasi. Hao wakishatawala chini ya mti, majimoto hawakai. Na hao wa ardhini hushamiri zaidi pale ardhi inapoachwa tupu kabisa. Nyasi na mimea ya chini vinawasaidia majimoto. Ninajua lazima msafishe chini ya miti ili korosho zionekane na moto usipite, na mko sahihi. Lakini si lazima jembe liguse kila mahali mwaka mzima: katikati ya mistari fyekeni badala ya kulima, na chini ya miti safisheni mnapokaribia kuokota.

Kuhusu ubwiriunga, kaka zako wamekosea, ingawa ninaona walikolitoa wazo hilo. Ugonjwa huu ni wa kuvu, ule unga mweupe kwenye majani machanga na maua, na chembe zake husafiri na upepo. Haukai kwenye miti ya kichaka ukiwangoja. Unakaa kwenye mikorosho yenyewe, hasa kwenye maotea, yale machipukizi yanayotoka ndani ya mti wakati si wake. Hapo unavuka msimu, na maua yakitoka unahamia. Kwa hiyo dawa ya kwanza haimo kwenye panga la kufyekea kichaka, imo kwenye panga la kuondoa maotea na kupogolea matawi yaliyosongamana, kisha salfa kwa wakati wake. Ukweli uliomo katika neno lao ni kwamba mistari inayogusana na kichaka hukosa hewa na jua, umande unachelewa kukauka, na kuvu hupenda hali hiyo. Rudisheni ukingo wa kichaka nyuma kidogo, mwaache njia pana isiyo na miti, na hoja yao itakuwa imetimizwa bila kumaliza ekari mbili. Njia hiyohiyo itawasaidia moto wa kichaa ukija mwezi wa tisa.

Jambo moja kuhusu dawa. Salfa inaua kuvu. Dawa ya wadudu ni kitu kingine kabisa, haichagui: inaua mbu, majimoto na nyuki kwa pigo moja. Kama itabidi mpulize, basi iwe kwenye miti iliyoshambuliwa kweli, jioni nyuki wakisharudi, na si kwa sababu tu jirani amepuliza.

Mama naye nimjibu kwa heshima. Mwambie mvua ya Mtwara inaletwa na pepo kutoka Bahari ya Hindi, na ekari mbili zikifyekwa haitakimbia. Misitu mikubwa inayopanda kilima baada ya kilima huchangia unyevu wa hewa. Kichaka kimoja hakiwezi. Lakini nadhani mama ameona kitu cha kweli akakipa jina la mvua. Uwanda wa Makonde, mnakolima ninyi, ni mchanga mtupu, maji yanazama haraka na udongo haushiki chakula kingi. Kilicho juu, ule weusi wa majani yaliyooza, ndio mali yote. Chini ya kichaka mvua ya Januari inavunjwa nguvu na majani na kuingia ardhini taratibu. Kwenye ardhi tupu inapiga moja kwa moja, na penye mteremko inaondoka na udongo. Ukifika Newala, simama Shimo la Mungu uangalie makorongo ya kingo za uwanda. Hivyo ndivyo inavyokuwa udongo huu ukikosa mizizi ya kuushika. Kwa hiyo mvua itanyesha vilevile, ila itakayobaki shambani kwenu ni kidogo zaidi.

Hapo ndipo penye hesabu ya ufuta. Kilo 280 za jirani ni za kweli, siwezi kuzipinga. Lakini ni za mwaka wa kwanza. Pori lililofunguliwa leo lina majivu na mboji ya miaka mingi, na ufuta unavila vyote kwa furaha. Mwaka wa pili vinapungua, wa tatu ufuta unakuwa mfupi na magugu yanaongezeka. Babu zetu walilijua hili, ndiyo maana walilima, wakaacha pori lirudi, wakahamia kwingine. Leo hakuna kwingine. Kwa hiyo kaka zako wasizidishe 280 mara ekari mbili mara miaka kumi. Waweke mwaka wa kwanza wa neema na miaka inayofuata ya kushuka, watoe palizi na gharama nyingine, kisha upande wa pili waweke korosho zitakazopungua kwenye ekari sita. Ufuta wenyewe, nikumbushe, nao hutembelewa na nyuki na huzaa vizuri wakiwepo. Sisemi kwamba ufuta utashindwa hesabuni. Kama kichaka chenu kingekuwa ekari ishirini, ningewaambia fungueni sehemu. Ekari mbili kando ya ekari sita za mikorosho ni jambo jingine.

Kuna yasiyopita kwenye mnada wala stakabadhi ghalani, ndiyo maana hayahesabiwi. Ming'oko ya mama ni chakula. Ghala likiwa limepungua, sufuria moja ya ming'oko ya kuchemsha ni mlo wa nyumba nzima, na wapo akina mama Mtwara mjini na Lindi wanaosomesha watoto kwa kuiuza barabarani. Haioti kwenye shamba lililo wazi. Inataka kivuli na mti wa kupandia. Mwombeni tu anapochimba aache kichwa cha mzizi na kufukia shimo, ili mwakani arudi palepale. Ongeza uyoga, kuni, fito za kujengea, majani ya dawa anayoyajua yeye. Vijiji vingi vilikuwa na kichaka kilichoachwa kwa ajili ya likumbi, yaani kambi ya jando, au makaburi, na havikufyekwa hata njaa ilipoingia. Muulize mama kama chenu ni kimoja cha hivyo. Yaweza kuwa ndiyo sababu yake halisi, na hajaisema kwa wanawe kwa kuwa hawajamuuliza.

Wale nyoka ni kweli wapo, sitakwambia ni marafiki zako. Wanafuata panya, na panya wanafuata mihogo na karanga. Vaa mabuti, usiingize mkono kwenye shimo, na ile njia pana ya ukingoni itakusaidia kuona unapokanyaga. Nguruwe pori ndio wangenitia wasiwasi zaidi kwa mwenye mihogo, lakini hujawataja, na ekari mbili zilizozungukwa na mashamba si makazi yao ya kudumu. Na mbu wa mikorosho? Hawa wanakula mimea mingi mingine, mbaazi zikiwemo, kwa hiyo yawezekana wachache wanajificha kichakani. Lakini mbaazi zilizopandwa katikati ya mikorosho ni hatari kubwa zaidi. Kama mnazo, anzeni na hizo.

Mkoa wa jirani, Lindi, unatupa picha ya jambo hili likiwa kubwa. Msitu wa Rondo una komba mdogo ajabu, uzito wake gramu 60 hivi, ambaye sayansi ilimpa jina lake miaka ya 1990 tu, na hapatikani popote duniani isipokuwa kwenye vipande vichache vya misitu ya pwani ya Tanzania. Wilayani Kilwa, vijiji vya Kikole na Kisangi vilipata mwaka 2009 cheti cha FSC, shirika la kimataifa linalothibitisha misitu inayotunzwa vizuri, kwa misitu yao ya asili, vya kwanza Afrika kwa misitu ya aina hiyo inayosimamiwa na wanakijiji wenyewe, na mpingo wao ukapata soko la watengeneza ala za muziki. Simaanishi kwamba kichaka chenu kina komba wa Rondo au kitawatajirisha kwa mpingo, ambao huchukua miaka 70 na zaidi kukomaa. Nimevitaja ili kaka zako wajue kwamba kuna watu wa huku kwetu wanaopata fedha kwa pori lililosimama, kwa kupiga hesabu kama wao.

Ningekuwa mimi kwenu, ningefanya hivi. Ningesafisha njia ya kuzuia moto kuzunguka kichaka, upande wa mikorosho iwe pana zaidi. Ningeondoa ndani yake miti iliyokufa iliyoegemea mikorosho, lakini mizee yenye matundu ningeiacha. Ningetundika mizinga miwili au mitatu upande wa mbali na nyumba, kwanza ya nyuki wadogo, kwa sababu hawaumi na watoto wanaweza kuizoea. Ufuta ningeupanda kwenye nafasi za mikorosho iliyokufa na pembezoni palipokwisha kufunguliwa, nione ekari yangu iliyochoka inatoa kilo ngapi. Majimoto ningewaacha, na miti isiyo nao ningeiunganisha kwa kamba na ile waliyomo ili wavuke.

Kuna mambo ambayo mimi wa mbali siwezi kuyaamua. Mkiona mkorosho unanyauka tawi baada ya tawi na kukauka wote ndani ya muda mfupi, msingoje wala msinunue dawa kwa kubahatisha: mwiteni ofisa ugani wa kata auone ukiwa bado umesimama, na akishindwa, kituo cha utafiti wa kilimo cha Naliendele kiko hapo Mtwara na korosho ndiyo kazi yao. Mkitaka kukata mpingo au mninga kwa kuuza, au kuchoma mkaa, mwoneni kwanza ofisa misitu wa wilaya kuhusu vibali. Mtu akivuta dawa akapata kizunguzungu au kutapika, au akiumwa na nyoka, hospitali moja kwa moja, bila kuchanja wala kufunga kamba. Na kama mgogoro wenyewe ni wa urithi, yaani nani ana sauti juu ya ekari hizo mbili, hilo halina jibu la mtaalamu wa wadudu. Likaeni na wazee wa ukoo, mama akiwepo na akisikilizwa, na mkishindana, serikali ya kijiji ipo.

Bahati nzuri mna muda. Kufyeka mnataka kabla ya mvua za Desemba, na maua ya mikorosho yanaanza Juni. Shona vifuko vya chandarua sasa. Na ukifika wakati wa kuhesabu, wewe kaa pembeni. Mwombe kaka yako mkubwa ahesabu yeye, aandike yeye, kisha aisome hesabu hiyo mbele ya mama.